Ndoo ya Haipo

Jumatatu, 3 Machi

Daktari kasema wiki. Nilitarajia aseme miezi. Nikamuuliza wiki ngapi, akageuka kuitazama kalenda ukutani kana kwamba swali nimeiuliza yenyewe. Basi.

Binti yangu, ambaye ninaishi kwake, kaniletea daftari. La watoto, lenye mistari mipana. "Kwa macho yako hayo, mama." Kasema kweli. Mwandiko wangu siku hizi unatambaa tu.

Miaka themanini na mmoja. Nilifundisha kemia miaka thelathini na mmoja, na siku za mapumziko nilitengeneza filamu. Si filamu za hadithi. Kaka yangu alikuwa anapiga fidla. Mimi namchukua kwa kamera ya sinema akiwa jukwaani, halafu mkanda nausafisha mwenyewe, kwa mikono, kwenye ndoo. Naukwaruza kwa sindano. Nauchemsha. Nautia mwanga kabla haujaiva. Mpaka picha iache kuwa ya mtu anayepiga fidla, iwe ya ile sauti yenyewe. Kisha yeye anapiga tena mbele ya watu, filamu ikicheza ukutani nyuma yake. Kumi na moja tulizifanya hivyo. Ya kumi na mbili niliifanya peke yangu. Ndiyo inayojulikana. Na ndiyo iliyonifanya niombe daftari.

Si leo. Leo miguu. Imevimba, nikibonyeza kwa kidole, shimo linabaki. Nimehesabu sekunde kumi na tisa kabla halijajaa. Jana zilikuwa kumi na nne. Inavutia kweli! Sina wa kumwambia. Binti yangu atalia.

Jumanne, 4 Machi

Kidevu kaja. Si jina lake. Namwita hivyo kwa lile baka jeusi chini ya taya, alama ya fidla; kaka naye alikuwa nalo. Ana miaka thelathini na kidogo, anafundisha muziki chuoni, anaongea kama mtu anayekimbilia basi.

Jumamosi ya tarehe 15, saa kumi alasiri, filamu yangu itaonyeshwa kwenye ukumbi wa chuo. *Dakika Kumi na Moja*, ile ya kumi na mbili. Na si hivyo tu. Baada yake fundi wao wa projekta atamchukua Kidevu akipiga jukwaani, atausafisha mkanda palepale mbele ya watu, na dawa yake ni kahawa, magadi ya kufulia na vidonge vya vitamini!

Nikasema mnanitania. Akatoa kipande cha mkanda mfukoni. Nikakinusa. Kahawa kweli! Nikakielekeza dirishani: mbwa, ngazi, mtu na mwavuli, vyote vya rangi ya udongo, laini. Miaka yote ile naomba dawa za maabara, kumbe jikoni kwangu kulikuwa na kila kitu. Nimemuuliza mpaka pumzi ikakatika. Joto kiasi gani? Dakika ngapi? Kahawa ipi? Ile mbaya kabisa ya kopo, anasema, ambayo hakuna anayeinywa kwa hiari. Nzuri haifai.

Wifi yangu, mjane wa kaka, amealikwa. Atakaa mbele, ubavuni mwangu.

Mlangoni Kidevu akasema ana zawadi, ataileta Alhamisi. Anacheka peke yake. "Utalia, Bibi."

Alhamisi, 6 Machi

Nimelia. Ila si kwa alichodhani.

Filamu ile ni bubu. Inaonyesha mkono wa kushoto tu: vidole kwenye shingo ya fidla, mkono wa koti jeusi, giza. Picha zimekwaruzwa, zimejikunja kama utando wa maziwa, nyeupe inageuka nyeusi katikati ya mwendo. Kila mtu anajua ni mkono wa kaka yangu, katika onyesho lake la mwisho, siku tisa kabla hajafa. Hakuna aliyenasa sauti siku ile. Alipiga wimbo mpya, alioutunga mwenyewe, na wimbo ukaenda naye.

Sasa Kidevu amekaa miezi mitatu na filamu hiyo kwenye kompyuta, picha moja moja. Kila kidole kilipobonyeza, akaandika noti. Karatasi kumi na nne! Ameufufua wimbo, anasema.

Akafungua kasha akapiga, hapa, kati ya kitanda na kabati.

Mungu wangu. Unajikwaa. Unapanda bila sababu. Unakaa katikati ya sauti mbili kama mtu aliyekwama dirishani. Binti yangu alichungulia, kitambaa cha vyombo mkononi, akarudi nyuma polepole.

Kidevu macho yanamwaka. "Umesikia hapo, Bibi? Kidole cha mwisho kiko mahali ambapo hakuna sauti kabisa! Nilidhani nimekosea, nikarudia mara ishirini. Marehemu alikuwa anatafuta ngazi mpya ya sauti. Alitutangulia wote!"

Tarehe 15 ataupiga, filamu ikicheza. Baadaye utachapishwa chuoni kwa jina la kaka. Na wifi ameshaambiwa, kabla yangu. Alilia kwenye simu. Alisema: nikiusikia hata mara moja tu, nife.

Nikamwambia Kidevu nimechoka. Akaniaga kwa kunibusu kichwani.

Ule si wimbo wa kaka yangu. Ule mkono si wa kaka yangu.

Ni wangu.

Ijumaa, 7 Machi

Pumzi ipo asubuhi hii. Niandike.

Kwenye onyesho nilitumia mikanda minne. Kamera yangu ilikuwa ya ufunguo: unaizungusha kama saa ya mezani, inakwenda sekunde ishirini na nane, inalala, unazungusha tena. Nilisimama chini ya jukwaa, magoti kwenye mbao, jicho kwenye kioo. Sikuona kingine ila mkono wake wa kushoto. Wifi hakuwepo. Mtoto wao alikuwa na homa, akabaki naye nyumbani.

Mikanda niliisafishia kwenye chumba cha kufulia. Giza totoro, hata taa nyekundu hairuhusiwi. Ndoo tatu sakafuni. Ya kushoto dawa ya kuonyesha, ndiyo inayotoa picha. Ya kati maji. Ya kulia dawa ya kugandisha: inayeyusha kila ambacho hakijawa picha, ili kilichokuwa picha kidumu. Hiyo mafundi wote tuliiita haipo. Ndivyo jina la Kiingereza, hypo, lilivyotufikia, na utani wake haukuisha. Fundi, picha yangu iko wapi? Haipo! Niliandika kwa rangi kwenye mfuniko: HAIPO.

Gizani maandishi ni bure. Nilikuwa natumia pua. Haipo inanuka siki, unaijua ukiwa mlangoni. Siku hiyo pua ilikuwa imeziba. Na ndoo nilikuwa nimezihamisha mwenyewe, kwa sababu bomba lilivuja upande wa kushoto. Kuhamisha nilihamisha, kukumbuka sikukumbuka. Nikaitumbukiza mikanda yote minne, kwa mkupuo, kwenye haipo.

Ukianza na haipo, hakuna kinachobaki cha kugandisha. Inakula picha yote kabla haijatokea. Nikawasha taa. Mita mia moja na ishirini za nailoni tupu. Ungeweza kuiweka juu ya gazeti ukasoma.

Ilikuwa siku ya tano baada ya mazishi. Macho yamevimba, pua imejaa machozi. Nani asingekosea?

Wiki iliyofuata wifi akaniuliza. "Wifi, nionyeshe mkono wake. Mkono tu, sitaki kingine." Nikasema bado kidogo. Nikamwomba fidla na lile koti jeusi, eti nivipige picha za kumbukumbu. Koti alilibusu kabla ya kunipa.

Nikajifungia. Kamera kwenye miguu mitatu, koti mwilini, mkono wangu wa kushoto kwenye fidla. Mimi na kaka mikono yetu ni ya baba mmoja, mirefu, vifundo vikubwa. Lakini kupiga fidla sijui! Nilibonyeza tu, nikijaribu kukumbuka jinsi vidole vyake vilivyokwenda.

Nilipousafisha mkanda nikaona aibu. Vidole vya mwalimu wa kemia, vinapapasa kama vinatafuta swichi ya taa. Ndipo nikaanza kuvificha. Nikachemsha. Nikatia mwanga. Nikachukua sindano nikakwaruza, huku nikiuimba wimbo wake moyoni, mkwaruzo mmoja kwa kila pigo. Waandishi wakaja kusema: amekataa kuonyesha mkono, ameonyesha muziki. Nilipewa tuzo mbili.

Nilikuwa naficha vidole.

Jumamosi, 8 Machi

Wifi kaja kunijulia hali. Ana sabini na nane, fimbo moja, ulimi uleule.

"Wifi! Bado upo? Mimi nimeshashona nguo ya msiba wako."

"Kaishone upya. Umenenepa."

Tukacheka mpaka nikakohoa. Akanishika mkono ili nitulie. Wa kushoto.

Kila mwaka, tarehe ya lile onyesho, anaiwasha filamu ukutani sebuleni kwake. Mara arobaini na tatu sasa. Leo kanikumbusha waliomposa. "Wawili, wifi. Yule wa benki, na yule mwenye meno. Niliwaambia nina mkono wangu ukutani, unanitosha." Akacheka tena, akiwa bado ameshika mkono wangu, anausugua upate joto.

Kitu cha ajabu sana hiki. Anaujua kwa macho kuliko mtu yeyote duniani. Anaushika, hautambui.

Nikajikaza. "Wifi, kuna jambo nataka nikwambie."

"Kama ni la kuombana msamaha, ngoja kwanza nimalize chai. Nikilia chai inapoa."

Chai ikaisha, akaingia kwenye habari za magoti yake, kisha jirani yake mpya, kisha magoti tena. Nikajikausha. Akaondoka.

Jumapili, 9 Machi

Juzi nimeandika uongo. Humu! Kwenye daftari langu mwenyewe!

Nilimwomba binti yangu anishushie sanduku la juu ya kabati. Mna daftari langu la kazi: kila mkanda niliousafisha, tarehe, joto la dawa, dakika. Nilitaka tu kujua kama siku ile nilipima joto. Mwandiko wa zamani umenyooka kama uzio. Mikanda minne. Nyuzi ishirini. Pembeni neno moja, *haipo*. Na tarehe.

Ni siku iliyofuata onyesho.

Si baada ya mazishi. Kesho yake! Alikuwa hai.

Pua iliziba kwa mafua. Niliyapata ukumbini, feni ilikuwa juu ya kichwa changu. Machozi niliyaweka baadaye. Sijui lini. Kweli nashangaa, wala sijitetei: kichwa kinaifanyaje kazi hii? Kimehamisha mazishi mazima kutoka upande mmoja wa jambo hadi upande mwingine, na mwenye kichwa hakusikia hata kishindo.

Siku hiyohiyo kaka alipiga simu, saa nane mchana. Nimesimama na nailoni mkononi, inachuruzika maji miguuni.

"Mdogo wangu, imetokaje?"

Nikasema, "Imetoka safi."

Na ilikuwa kweli! Haikuwa na hata doa.

"Safi kiasi gani?"

"Safi kabisa, kaka. Hujawahi kuona."

Akacheka. Akasema sasa anaweza kulala.

Aliishi siku nane zaidi. Fidla ilikuwepo. Ukumbi ulikuwepo. Mimi nilikuwa na mikanda sita mipya kwenye friji, chini ya mboga. Ningemwambia tu, kaka, nimeharibu, njoo upige tena. Angenitukana nusu saa. Halafu angekuja. Nilikuwa nangoja siku yenye ujasiri; nilidhani ipo mbele. Ndipo moyo wake, moyo huuhuu wa kwetu, ukasimama akiwa anafunga viatu.

Kwa hiyo si ndoo. Miaka yote nimeisingizia ndoo.

Jumanne, 11 Machi

Nimemwambia Kidevu.

Aliutazama mkono wangu juu ya blanketi. "Lete." Akaipachika fidla yake begani kwangu, akanikunja vidole kwenye shingo ya hiyo fidla. Akatoa simu yenye picha za filamu, akalinganisha. "Bonyeza hivyo ulivyobonyeza." Nikabonyeza. Kidole cha mwisho kikaenda palepale. Katikati ya sauti mbili.

"Miezi mitatu," akasema. "Nimeota sugu kwa ajili ya vidole vyako, Bibi. Nimeandika kurasa ishirini kuhusu ngazi mpya ya sauti!"

"Basi kumbe mimi ndiye niliyewatangulia wote."

Kicheko kikamtoka kama chafya. Na mimi. Binti yangu akaja mbio na dawa, akatukuta tunafuta machozi, akasonya akarudi jikoni.

Kisha Kidevu akaacha kucheka. Jumamosi hapigi kitu hicho mbele ya yule mama kwa jina la mumewe, kasema. Nimwambie mimi. Ikifika Ijumaa sijamwambia, atamwambia yeye, na yeye maneno mazuri hana. Nikakubali. Ni haki.

Alikuwa ameshika kitasa akageuka. "Ile mikwaruzo. Ulikuwa unaimba wimbo wake kweli?"

Kweli. Kama nilivyoukumbuka wakati ule.

"Na sasa?"

Mwanzo ninao. Katikati ninayo, nisipoharakishwa. Mwisho umenitoka. Alipofika mwisho kamera ilikuwa imelala, nilikuwa nimeinama nazungusha ufunguo, akili iko mkononi. Niliusikia, lakini sikuukamata.

Akaandika kitu kwenye kiganja chake akaondoka. Leo nimelala mchana kwa mito mitatu. Wa nne, ninaouwekea pumzi, sikuuhitaji.

Alhamisi, 13 Machi

Wifi alikuja saa nne. Nimemwambia yote: bomba, ndoo, haipo, koti, mkono. Halafu simu ya kaka. Nilikuwa nimepanga kuiruka simu. Sikuiruka.

Alikuwa anamenya chungwa. Aliendelea kumenya, ganda refu, halikukatika. Nilipofika kwenye "angepiga tena" kisu kikasimama.

"Kwa hiyo ule mkono ni wako."

"Wangu, wifi."

"Nimekuwa nabusu ukuta kwa ajili yako wewe."

Niliuingiza mkono chini ya blanketi.

"Na koti lake ukalivaa."

"Nililivaa."

"Usiniite wifi."

Akaliweka chungwa kwenye sahani yangu, limemenywa lote. Akafuta kisu. Akamwomba binti yangu amwitie gari, akasimama kulingoja mlangoni, mgongo kwangu.

"Yeye alijua?"

Nikasema hakujua. Alikufa akidhani imetoka vizuri.

"Heri yake."

Gari likaja.

Ijumaa, 14 Machi

Nimepiga simu mara tatu. Hapokei.

Kidevu anasema filamu itaonyeshwa, lakini watu wataambiwa ni mkono wa nani. Atakachopiga hajui bado.

Binti yangu sasa anajua, alisikia jana kutoka koridoni. Leo asubuhi ananikata kucha, kisha: "Ndiyo maana hukuwahi kuitazama, mama? Nilidhani ni uchungu."

Shimo la mguuni, sekunde ishirini na sita.

Jumamosi, 15 Machi

Saa nane mchana, nimevaa, nimeketi kitandani. Naandika haraka maana nimepewa dakika chache.

Wifi yupo hapa! Kafika saa sita, gari moja na Kidevu. Kumbe jana jioni alimpigia yeye. Mimi hakunisalimu. Akavuta kiti mpaka magoti yetu yakagusana.

"Mimi siku ile nilikuwa na mtoto mwenye homa," akasema. "Wewe ndiye uliyekuwa pale. Sijawahi kukuuliza alipiga nini, nilidhani namwona kila mwaka. Sasa sema. Sitaki ulichotengeneza. Nataka ulichosikia."

Nikaimba. Kwa kifua hiki! Vipande vidogo vidogo, napumzika, naendelea. Kidevu amesimama dirishani, penseli mdomoni, ananifuata kwa fidla, chini chini.

"Hapana," wifi akasema. "Hapo hashuki."

"Alishuka, wifi."

"Usiniite wifi. Wiki tatu alikuwa anaufanyia mazoezi jikoni kwangu, mimi nakaanga, yeye ananipigia kelele masikioni. Hapo anapanda."

"Mazoezini labda. Jukwaani alishuka."

"Anapanda!"

"Bibi zangu," Kidevu kasema, "nishuke au nipande? Mkono unaniuma."

"Panda," akasema wifi.

Akapanda. Na kweli, pale palikuwa pazuri zaidi. Nikasema basi labda alipanda. Wifi akanikazia macho: "Labda? Ama alipanda ama hakupanda. Usinipe ninachotaka. Umenipa ninachotaka maisha yangu yote."

Nikafumba macho nikasikiliza tena ndani. Nikasema alishuka. Akashusha pumzi. Akamwambia Kidevu, "Haya, andika ashuke." Sikutarajia hilo.

Tukaenda hivyo saa nzima. Tunagombana, Kidevu anafuta, anaandika. Mwanzo upo. Katikati ipo, yenye mashimo. Binti yangu kachungulia mara mbili: gari liko nje, Fundi anapiga simu.

"Na mwisho?" Kidevu akauliza.

Wifi hana. Anasema mazoezini hakuwahi kuupiga. Alimwambia mwisho utakuja wenyewe akiwa jukwaani. Kwa hiyo walioupata ni waliokuwa ukumbini. Akanigeukia.

"Sijui," nikasema.

"Hujui, au huna uhakika, au hutaki?"

"Sijui. Ulinitoka."

Kaichukua fimbo yake. "Nikuamini, safari hii?" Hakungoja jibu. Kaenda jikoni kuleta maji ya vidonge vyangu, eti nisije nikamfia kabla hatujamaliza. Ndipo nimechukua kalamu.

Nasikia bomba limefunguliwa. Anatafuta bilauri, anafungua kabati moja baada ya jingine. Anaimba. Bila maneno, polepole, kama mtu asiyejua kuwa anaimba.

Ndio huo.

Ndio huo! Sauti tatu zinapanda, moja inarudi, halafu mbili kama mtu anayeuliza. Hivyo ndivyo alivyomaliza!

Ameutoa wapi? Siku zile nane. Kaka lazima alikuwa anauimba nyumbani, ananyoa ndevu, anafunga vifungo, na yeye ukamwingia bila kuambiwa ni nini. Anao. Miaka yote anao, anaoshea nao vyombo. Hajui.

Kidevu hakusikia, anakaza nyuzi. Nimesikia mimi tu. Mimi, kati ya watu wote! Nikimwambia ndio huo, unao wewe, itakuwaje tofauti na *imetoka safi*? Ataniona nampa tena anachotaka. Na ushahidi mwingine hakuna, waliokuwa ukumbini wote wameshakufa au wamesahau.

Bomba limefungwa. Amenyamaza.

Anakuja. Fimbo, hatua, fimbo, hatua. Nimwombe aimbe tena, bila kusema sababu? Atauliza sababu. Ananijua. Ameshika kitasa, ana bilauri mkono wa pili, hawezi kufungua, anaita:

"Wifi, nifungulie basi!" Naweka kalamu.